Mafiga Yaliyotoka Mlangoni

Katika daftari langu la miaka ile, siku ya kwanza ya kazi niliandika mstari mmoja tu: "Leo nimesukuma kokoto mpaka jua limeshuka, nazo zimekwenda hatua nne." Ukiusoma sasa unaweza kudhani nilikuwa na homa. Sikuwa na homa. Nilikuwa na kazi, na kazi ile ndiyo iliyonitenga na mke wangu, ama niseme mimi ndiye niliyejitenga naye kwa kazi ile. Nimejaribu kuliandika jambo hili mara nyingi, na kila mara naanza kwa kumlaumu mtu, kisha nafuta. Safari hii nitajaribu kuliandika lilivyokuwa. Elimu yangu ni ya darasa la nne. Penye kosa la maandishi mnisamehe. Penye kosa la ukweli msinisamehe.

Waingereza bado walikuwa wanatawala. Nilikuwa kibarua wa kuchambua kahawa katika ghala moja mjini Bukoba, na msimu ulipokwisha tukaambiwa tukae nyumbani mpaka tutakapoitwa. Nyumbani kwangu ni Kitendaguro, kwenye kibanja alichoniachia baba: nyumba yangu na mke wangu upande mmoja wa migomba, nyumba ya mama upande wa pili. Nilikuwa nashuka mjini kila asubuhi kutafuta chochote. Siku moja, ufukweni, nikamkuta Mzungu kijana amepiga magoti mchangani, kamera imesimama mbele yake juu ya miguu mitatu, naye anazungumza na kokoto. Kweli kabisa. Alikuwa anaziambia zitulie.

"Unajua kukaa kimya?" akaniuliza. Kiswahili chake kilikuwa cha kitabuni, kizuri kuliko changu.

"Najua, bwana."

"Na uvumilivu unao?"

Nikamwambia nimechambua kahawa misimu mitano, punje kwa punje. Akacheka, akanipa kazi pale pale.

Alikuwa anatengeneza sinema fupi fupi. Mwenyewe aliziita sinema za kujaribu, kwa sababu hata yeye hakujua kama zitafaa. Hazikuwa na watu ndani yake. Zilikuwa na kokoto, magome ya miti, majani makavu ya mgomba, maganda ya mbegu, na vyote hivyo vilitembea, vikapigana, vikaogopana. Kamera yake iliweza kupiga picha moja moja. Unaweka kokoto, unaondoka, na kivuli chako unaondoka nacho. Anabonyeza. Unarudi, unaisukuma kokoto unene wa kidole, unaondoka. Anabonyeza. Wingu likipita, mnangoja lipite, maana mwanga ukibadilika sinema itapepesa. Kuku akikatiza, mnaanza upya. Jioni kiuno kinauma, na ukiuliza mmefanya nini tangu asubuhi unaambiwa mmepata muda wa kuvuta pumzi tano.

Kwa haki niseme: alinilipa tulivyopatana, hakunitukana hata siku moja, na alipokula alinigawia. Sina la kumshitaki.

Pale mjini palikuwa na fundi cherehani, Mwislamu ambaye babu yake alitoka pwani, ndiye aliyetushonea vitambaa vyeusi vya kuzuia mwanga. Kila nikipita alinipigia kelele kutoka barazani.

"Mchunga mawe! Leo umeswaga mangapi?"

"Matano tu, fundi."

"Na hakuna lililozaa?"

Watu wakacheka. Nikacheka nami. Sidhani alijua alichokuwa anakigusa. Mimi na mke wangu tulikuwa na miaka sita ya ndoa na hatukuwa na mtoto. Upande wa baba yangu walikwisha anza kusema, kwanza kwa kuzunguka, baadaye waziwazi. Mimi nilikuwa nanyamaza. Nilidhani kunyamaza ni kumtetea. Mke wangu aliwahi kuniambia, huku anamenya ndizi na wala haniangalii, "Wakisema ukanyamaza, mimi nasikia sauti zenu wote." Niliandika maneno hayo daftarini siku hiyo hiyo. Sikufanya kitu kingine nayo.

Siku za kokoto zilipokwisha, Mzungu akasema anataka mawe makubwa. Tukazunguka siku mbili. Haya yalikuwa meupe mno, yale yamelala tu, hayana uso. "Nataka mawe yaliyoishi," akasema. "Mawe ambayo mtu akiyaona atajua yamepata taabu."

Nikamwambia ninayo.

Hapa inabidi nieleze, kwa wasomaji wasiotoka kwetu. Bibi harusi siku zake za kukaa ndani zikiisha, mama mkwe ndiye anayempangia mafiga yake matatu jikoni na kumwashia moto wa kwanza. Tangu siku hiyo mafiga yale ni ya mke. Mume hayagusi. Na mume akimchoka mke, hana haja ya maneno mengi: anayatoa mafiga nje. Mke akirudi kutoka shambani akiyakuta uani, anafunga nguo zake. Sijui kama Wahaya wote hufanya hivyo. Katika ukoo wetu ndivyo nilivyokuta, na niliwahi kuona kwa macho yangu shangazi mmoja akifunga nguo zake.

Mke wangu hakuwapo. Alikuwa hospitali ya Rubya, anamuuguza mama yake aliyelazwa kwa ugonjwa wa mguu, na alikuwa amekwisha kaa mwezi. Mimi nilikuwa nakula kwa mama. Jiko letu lilikuwa limepoa, na mafiga yamekaa pale kwenye majivu, meusi, yanang'aa kwa mafuta ya miaka sita. Moja lilikuwa na mfuo uliolala juu yake, maana alizoea kunolea kisu hapo. Mzungu alipoinama mlangoni akayaona, alishusha pumzi kama mtu aliyefika nyumbani.

"Haya ni ya mtu?" akauliza. Naapa aliuliza.

"Ni mawe tu, bwana," nikasema.

Nimeyageuza maneno hayo miaka mingi. Nilitaka kumpendeza? Ndiyo. Niliogopa kazi itakwisha? Ndiyo pia. Lakini kuna kitu cha tatu, nacho sikiwezi. Nikikisogelea nakiona kinasogea.

Sinema ilikuwa hivi: mawe matatu yamekaa kwenye majivu. Moja linatikisika. Linageuka kuangalia mlango. Mengine yanalizuia, halafu yanalifuata. Yanatoka nje, yanapita chini ya migomba, yanafika ziwani, yanaingia majini na kupotea. Basi. Hadithi nzima haikuzidi muda wa kunywa kikombe cha chai, na tulifanya kazi siku tisa.

Siku ya pili jirani yetu, mwanamke mcheshi, alipita na mtungi kichwani, akachungulia jikoni, akaona mawe yanaelekea mlangoni.

"Bojo, ndugu yangu, unatoa mafiga ya mwenzako?"

"Tunayapiga picha tu."

"Hee! Kumbe siku hizi mke anafukuzwa huku picha inapigwa!" Akaondoka anacheka. Nilimsikia akicheka mpaka kwenye njia kuu.

Siku ya tatu tukafika kwenye kizingiti. Lile jiwe lenye mfuo ndilo lililotangulia. Niliinama, nikaweka kidole ubavuni mwake nilisukume livuke, na nikakumbuka. Nilikumbuka vizuri kabisa. Nilimwona shangazi uani, nikamwona mke wangu anarudi na mzigo wake kutoka Rubya. Nikabaki nimeinama.

"Kuna nini?" akauliza Mzungu nyuma ya kamera.

"Jua, bwana. Limeniingia machoni."

Nikasukuma. Nikaondoka na kivuli changu. Akabonyeza.

Jioni ile mama alikuja akasimama mbele ya mawe, yako hatua mbili nje ya mlango, nimeyafunika kwa majani ya mgomba. Yeye ndiye aliyeyapanga miaka sita nyuma.

"Rudisha," akasema.

"Mama, tukiyagusa picha itaruka. Lazima kesho tuyakute hapa hapa."

"Rudisha, mwanangu, usiku usiyakute nje."

Sikurudisha. Ufundi ulikataa, na ufundi ulikuwa sababu ya kweli. Jiwe likihama hata unene wa ukucha, kwenye sinema litaonekana limeshtuka. Yalilala nje usiku ule na usiku wa siku tano zilizofuata, kila usiku mbali kidogo na nyumba. Mama hakusema tena. Alianza kupita nyuma ya migomba ili asiyaone.

Siku ya mwisho tuliyabeba mpaka ziwani, tukayasukuma mpaka maji yakayafunika. Nilitaka kuyabeba siku ile ile, lakini Mzungu akaniomba niyaache. Filamu zilikuwa lazima zipelekwe kwa meli na garimoshi, mbali, zikasafishwe, na kama kipande cha mwisho kimeharibika tutakirudia palepale. Tukayazungushia vijiti. Tukangoja wiki saba. Mawimbi yalikuwa yanapita juu yake mchana na usiku, nami kila nikishuka mjini niliyaangalia, nikajiambia bado yapo.

Filamu ziliporudi Mzungu alikuwa kama mtoto. Akaazima darasa moja la shule, madirisha tukayaziba kwa mablanketi, nje tukawasha injini ya umeme, ukutani tukatundika shuka la fundi cherehani. Ilikuwa mchana, baada ya ibada ya Jumapili. Watu walijaa, wengine wakakaa sakafuni. Mama alikuja kwa sababu nilimwomba.

Na siku hiyo hiyo lori lilimshusha mke wangu mjini. Sikuwa na habari. Mama yake alikuwa amepona, naye alitaka kunishtua kwa furaha. Jirani yule mcheshi alimkuta barabarani, akamwambia, "Mumeo yuko shuleni anaonyesha sinema," akamleta. Nilimwona anaingia wakati blanketi la mlangoni linafunguliwa, bado ana mzigo mkononi. Alinitabasamia. Akaketi kando ya mama, akamshika mkono.

Zikaanza kokoto. Watu walicheka mpaka wakagonga sakafu. Mzee mmoja alisimama akaziamkia kokoto kama wakubwa zake: "Mmeshindaje, waitu!" Kisha likaja jiko.

Wanaume waliendelea kucheka. Wanawake walinyamaza, mmoja baada ya mwingine, mpaka upande wao mzima ukawa kimya, nikasikia injini nje. Jiwe lenye mfuo liligeuka. Liliangalia mlango. Niseme ukweli, lilikuwa zuri. Lilitembea kama mtu aliyekwisha lia akamaliza. Lilipopanda kizingiti lilisita kidogo, na watu wakasema "aah", maana ilionekana kama linaaga. Kule kusita kulikuwa ni mimi, nimeinama na kidole.

Mke wangu akasema, wala si kwa sauti kubwa, "Lile ni langu."

Akasimama, akachukua mzigo wake, akatoka. Blanketi likaacha mwanga ukaingia, shuka likawa jeupe tupu, watu wakapiga kelele afunge mlango.

Hakuona kilichofuata. Mzungu, kwa kuwachekesha watu, aliigeuza mashine ikaenda kinyumenyume. Mawe yakatoka majini makavu, yakapanda ufukwe, yakapita migomba, yakaingia mlangoni na kukaa kwenye majivu, kila moja mahali pake. Watu walishangilia kuliko mwanzo. Hata wanawake.

Nilimkuta jikoni, amesimama kwenye majivu.

"Ungeniambia kwa mdomo," akasema.

"Sikuwa na nia hiyo. Ilikuwa kazi."

"Sikuona mkono wa mtu pale. Yametoka yenyewe. Nani aliyeyasukuma?"

"Mimi."

"Kwa mara moja?"

"Kidogo kidogo."

Akatikisa kichwa kama mtu anayehesabu. "Kwa hiyo ulikuwa na nafasi ya kufikiri." Asubuhi akapanda lori la kwenda Muleba, akarudi kwao Kimwani. Sisi tunaita kunoba, mke kurudi kwao kwa hasira, na mume mwenye akili humfuata mapema.

Nilimfuata baada ya siku nne. Kwanza niliingia ziwani nikatafuta mafiga. Mama aliniambia nichukue mawe mengine, milimani yamejaa. Nikakataa. Niliona haki ni kurudisha yale yale. Mawili niliyapata pale kwenye vijiti, lile lenye mfuo lilikuwa limezama mchangani, nikalichimbua kwa mikono. Nikayaosha, nikayapanga nyuma ya nyumba.

Kimwani nilikwenda na baba yangu mdogo na kibuyu cha rubisi, pombe yetu ya ndizi. Baba mkwe alitupokea vizuri, akatupa kahawa ya kutafuna kwenye kikapu kidogo kama desturi, akatuacha tutafune. Mke wangu alikaa nyuma ya mlango. Niliona pindo la nguo yake.

"Mkwe wenu amechezewa na Wazungu," baba mdogo akaanza.

"Amechezewa au amecheza?" baba mkwe akauliza.

Akanigeukia mimi. Hakuwa mkali. Laiti angekuwa mkali.

"Mwanangu, nauliza jambo moja tu. Ulipokuwa unayatoa, ulikumbuka maana yake?"

Pindo la nguo lilitulia.

"Sikukumbuka, tata," nikasema.

Nilisema hivyo kwa sababu nilimtaka arudi. Daftarini siku hiyo nimeandika: "Mambo yamekwenda vizuri." Nikiuona ule mwandiko nauonea haya.

Baba mkwe akasema basi, mtu aliyesahau hajafukuza. Mama yangu apange mafiga upya, awashe moto, yaishe. Tukanywa rubisi. Mke wangu alitoka na mzigo wake, na ndani ya lori, tulipofika karibu na mjini, akaniegemea bega akalala. Au alijifanya amelala. Niliona vyote viwili vinanitosha.

Mama alipanga mafiga jioni ile kabla giza halijaingia, akitamka maneno yale aliyoyatamka mara ya kwanza. Mke wangu aliweka chungu cha ndizi. Moto ukashika. Tulikuwa watatu tumekaa, mama anatusimulia jinsi nilivyokuwa mlafi utotoni, mke wangu anacheka, na jiwe lenye mfuo likapasuka. Lilitoa mlio kama bunduki. Chungu kikaanguka, ndizi zikamwagika majivuni, kipande kikamchuna mama kwenye kiganja.

Mama alianza kulia. Mke wangu, na hapa nataka kila msomaji amtendee haki, mke wangu hakulia. Aliufunga mkono wa mama kwa kitambaa, akaokota kipande cha jiwe, akakigeuza.

"Ni maji," akasema. "Limekaa ziwani wiki saba. Jiwe lililokunywa maji likiwekwa motoni hupasuka, hata mtoto anajua. Nenda kanitafutie jingine." Akanitazama, akatabasamu. "Nenda basi, mchunga mawe. Watu wana njaa."

Nilisimama kwenda. Mlango ulikuwa wazi, na kizingiti kilikuwa pale. Ningekivuka tu. Hatua moja, ningeleta jiwe lolote, tungekula, na leo ningekuwa naandika mambo mengine. Nilishindwa. Sikuweza kukivuka kile kizingiti mara ya pili na neno lile ndani yangu.

"Nilikumbuka," nikasema.

"Ulikumbuka nini?"

"Kwa baba yako nilisema uongo. Nilikumbuka. Hapa hapa kizingitini. Nikasukuma."

Mama akasema, "Nyamaza, mwanangu, nyamaza," lakini nilikuwa nimekwisha maliza.

Mke wangu aliweka kile kipande chini polepole, penye majivu, mahali hasa kilipokuwa. Halafu akauliza kwa upole, kama anayetaka kujua kwa kweli:

"Na kwa nini ulisukuma?"

Nikamwambia sijui. Ndilo jibu la kweli nililokuwa nalo, na mpaka leo sina jingine. Kama ningesema nilitaka kukufukuza, angejua pa kusimama. Kama ningesema sikutaka, pengine angeniamini. Nilimwambia sijui, naye akaelewa kwamba mtu wa namna hiyo hawezi kuishi naye. Alilala kwa mama. Asubuhi alifunga nguo zake, na safari hii nilijua kumfuata kungekuwa kumsumbua.

Baadaye aliolewa upande wa Muleba, na nasikia ana watoto watatu. Nafurahi. Naandika kwamba nafurahi, na nusu yake ni kweli.

Mzungu alikuwa amekwisha ondoka. Aliniandikia barua moja, kwa Kiswahili chake kile safi, kwamba sinema ya mawe imewapendeza wenzake kwao, hasa pale jiwe linaposita mlangoni. Wengi walimuuliza alifanyaje. Alitaka ruhusa aliandike jina langu mwishoni. Nilimjibu kwa adabu kwamba asiliandike. Sikumweleza kwa nini. Yeye aliuliza mapema kama mawe yale ni ya mtu, na nilikwisha mjibu.

Mama amefariki. Ninapika mwenyewe. Mafiga mawili bado yapo, na mahali pa la tatu nimeweka tofali la kuchoma. Chungu kinakaa upande, na ndizi huiva upande mmoja kabla ya mwingine. Milima ya Kitendaguro imejaa mawe, ningeweza kupata zuri kwa asubuhi moja. Kila mara nikiliona linalofaa nainama, naligusa ubavuni kwa kidole, naliacha lilipo.